Mzuka wa Saa Nne Asubuhi

Jumatatu, 25 Mei 1987

Habari kubwa! Goti la Mzee Petelo limekufa. Namwonea huruma sana. Nimefurahi kupita kiasi.

Petelo ndiye mchekeshaji mkuu wa kijiji tangu mimi sijazaliwa, na Jumamosi tunafungua ukumbi mpya wa kanisa mbele ya wageni. Lazima iwepo Nyumba ya Mizuka, maana sherehe ya Kisamoa bila mchezo huo wa kuchekesha ni msiba wenye chakula. Atakayetia fora Jumamosi ndiye atakayekwenda ng'ambo, Auckland, na kikundi cha wachezaji wetu, mwezi wa nane. Kwa ndege! Petelo atachagua mwenyewe, goti limelazwa juu ya mto wa kulalia.

Washindani ni wawili. Mimi, Iakopo, msomi wa vichekesho. Na binamu yangu Tulolo, fundi wa injini za boti, ambaye hajasomea chochote. Mimi nimeangalia kanda zote alizorudi nazo shemeji yangu kutoka Auckland: sinema za zamani zisizo na sauti, za wanaume wenye kofia nyeusi na sharubu ndogo. Nimeziangalia mpaka jenereta ya shemeji ikaanza kukohoa. Historia yote ninayo kichwani. Kwanza watu walianguka. Halafu wakaanguka kutoka juu zaidi. Halafu sauti ikaja, wakaanza kuongea, mambo yakaharibika.

Nimemwambia mke wangu Meripa ajiandae kuwa mke wa mtu mashuhuri. Ameuliza kama huyo mtu mashuhuri ameshapalilia magimbi.

Jumanne, 26 Mei

Mazoezi. Ganda la ndizi, msingi wa elimu yote! Nimeliweka njiani, nikarudi nyuma, nikaja kwa madaha kama mtu asiye na habari. Nguruwe akalifikia kabla yangu. Nimeweka lingine. Akala. Nikamfukuza kwa hasira, nikakanyaga ganda nililokuwa nimelisahau, nikaenda chini kwa makalio. Maumivu! Hakuna aliyecheka.

Nilipoinuka, kikoi kikabaki chini. Hapo majirani wote wakaangua kicheko, na nyumba zetu hazina kuta.

Uvumbuzi: kicheko hakiko kwenye kuanguka, kiko kwenye kikoi. Wazungu wa sinema walivaa suruali na mikanda, kazi ilikuwa ngumu sana kwao. Sisi tumebarikiwa.

Tulolo alikuwa anapita na galoni la petroli. Akauliza, "Binamu, huo ni mchezo au ni ugonjwa?" Wivu mtupu.

Jumatano, 27 Mei

Silaha ya Tulolo ni kuigiza wanawake. Ana gauni la maua aliloazima kwa shangazi, na mwendo wa kukifanya kiuno kisikilizane na mabega. Basi nimefikiri sana, nimepata dawa. Asubuhi nimelinyakua gauni kwenye kamba ya nguo, nikalificha kwenye banda la kuku. Bila gauni Tulolo ni fundi tu kama mafundi wengine. Akili!

Jioni. Balaa! Tulolo amekuja kumlilia shida Meripa, na Meripa akampa gauni lake mwenyewe, lile la buluu la kanisani, pamoja na kofia. Amemshonea kiuno kwa mkono wake. Amesema limemkaa Tulolo vizuri kuliko linavyomkaa yeye. Kisha akanituma bandani nikatafute mayai.

Kuku wametaga kwenye gauni la shangazi.

Alhamisi, 28 Mei

Siku njema ya kufikiri. Kuanguka peke yake hakutoshi. Kilele cha mchezo wetu ni kumwiga mkubwa. Ukiwa ndani ya Nyumba ya Mizuka unaweza kumwiga mzee yeyote, mbele ya macho yake, na ukamvua nguo kwa maneno, wala hakuna wa kukugusa. Si wewe unayesema, ni mzuka. Nani atamtoza mzuka faini?

Mimi nitamwiga Mzee Lauvao, msemaji wa kijiji. Huyu kabla ya kutoa neno kubwa hujikuna sikio kwa mpini wa usinga wake, kisha hufumba jicho moja kana kwamba neno liko mbali na anataka kulilenga. Nimemsoma kwa miaka. Ni mali safi.

Na nimegundua njia ya mkato! Kesho wazee wana kikao, nami ni mgawaji wa kava, kile kinywaji cha mizizi cha wazee. Petelo atakuwepo. Kwa nini angoje Jumamosi? Katika zile kanda, mtu mdogo humwiga askari nyuma ya mgongo wake, na kila mara watu huvunjika mbavu. Nitampa Petelo tone moja tu la kuonja.

Sijaweza hata kula. Auckland! Nasikia barabara zao zina mteremko mzuri wa kuangukia.

Ijumaa, 29 Mei

Sitaki kuandika. Naandika.

Nimegawa kava vizuri, nikakaa nyuma ya Lauvao. Akaanza hotuba. Akajikuna sikio, nami nikajikuna kwa kifuu cha kava. Akafumba jicho, nami nikafumba. Wanawake waliokuwa wakisuka mikeka nyumba ya pili wameniona, wakaanza kutikisika. Raha! Nimeongeza. Nimejikuna kwa mikono miwili. Wamecheka kwa sauti. Kisha wakanyamaza wote kwa pamoja.

Katika kanda, watu wakinyamaza ghafla, askari ameshageuka.

Alikuwa ameshageuka. Kifuu sikioni kwangu, jicho limefumbwa. Nimesema upesi kwamba si mimi, ni mzuka.

Lauvao hakupandisha sauti. Ameuliza kwa upole kabisa, "Mzuka gani huyo wa saa nne asubuhi? Ngoma imepigwa saa ngapi? Mchezo umefunguliwa na nani, mwanangu?"

Hakuna aliyeufungua. Nilisahau hilo jambo dogo.

Hukumu: nguruwe jike wa Meripa, yule mkubwa, na boksi la nyama ya kopo. Na kesho ni marufuku kucheza. Kwa kuwa jenereta ya shemeji imekufa, inasemekana kwa sababu ya masomo yangu, mimi nitashika karabai kuwamulikia wachezaji. Yaani nitammulikia Tulolo!

Nimelia. Nimelia barabarani huku namvuta nguruwe, naye akaketi katikati ya kijiji akagoma. Nimembembeleza kwa jina. Watu wote wametoka kutazama. Nilimwona Tulolo pale, ameacha injini yake, ananitazama bila kupepesa.

Meripa amesema neno moja tu tangu mchana. Siwezi kuliandika.

Jumamosi, 30 Mei

Usaliti!

Ngoma imepigwa, mchezo umefunguliwa kwa heshima zote, na Tulolo ametokea na gauni la buluu. Alikuwa Meripa! Mikono kiunoni, anamngoja mume. Kisha akavua kofia, akawa mimi. Amejikuna sikio kwa kifuu. Amefumba jicho. Lauvao alikuwa mbele kabisa, amekaa karibu kiasi cha kumgusa. Nikasubiri faini. Lauvao amecheka mpaka meno ya bandia yakamrukia mapajani! Kisha Tulolo akamvuta nguruwe asiyekuwepo, akilia na kumbembeleza, na ukumbi mzima ukalala chini. Wageni walishikana wasianguke kwa kicheko. Mchungaji alitoka nje kupumua.

Nami nilikuwa nawamulikia. Ubaya ni kwamba yule mimi wa jukwaani alicheza vizuri sana. Nilitaka kujiona zaidi, nikasogea na karabai, nikasogea tena, jukwaa likaisha. Kikoi kikanasa kwenye msumari, mimi nikaendelea. Nimetua kwenye vikapu vya magimbi ya wageni. Taa sikuiachia, ilibaki juu inawaka, kwa hiyo hakuna aliyekosa kuona lolote.

Kelele zile! Petelo alipiga goti lake bovu bila kujua. Nimesimama, nimeinama kwa heshima, kikoi kikiwa bado msumarini.

Kisha Petelo akafuta machozi, akamtaja Tulolo. Tulolo ndiye atakayekwenda Auckland! Nimemfuata nikiburuta mguu, nikamuuliza kama ameona nilivyoanguka. Amenishika bega. Amesema tangu azaliwe hajaona mtu akianguka vizuri namna ile. "Lakini mwanangu, mchekeshaji lazima ajue anachekwa kwa nini. Tulolo anajua. Wewe hujui."

Nimeumia. Usingizi hauji, na kiuno nacho hakitaki.

Jumapili, 31 Mei

Nimeelewa! Petelo anazeeka, maneno yamemchanganyikia. Tulolo anakwenda Auckland kuigiza nini? Kuniigiza mimi! Maelfu watanicheka, nami sitakuwa nimepanda hata ndege. Kuna mchekeshaji gani wa zamani aliyefika kiwango hicho, akachekesha nchi ya mbali huku yeye amekaa nyumbani anapalilia magimbi? Hakuna. Kanda zote nimeziangalia.

Kilichobaki ni kumwandalia Tulolo mambo mapya. Leo kanisani nimeona hazina: mchungaji, kabla ya kusema amina, huinua nyusi na kuvuta pumzi kama anayekaribia kupiga chafya. Nimeanza mazoezi palepale, wakati wa sala, maana wote walikuwa wamefumba macho. Nyusi zangu ni bora kuliko zake! Meripa amenifinya mara kadhaa. Hana jicho la sanaa.

Mchungaji hakuwa amefumba. Ametuma mtu aniite nyumbani kwake jioni, na Lauvao pia ameitwa. Bila shaka wanataka kupanga tarehe yangu ya onyesho. Navaa kikoi kipya.