Hisia za Yuditha, Sura kwa Sura

Alhamisi, 14 Novemba

Yuditha bado yuko kwa mama yake. Vyombo bado viko kwenye beseni. Leo nimekunywa chai kwa kopo la kupimia pumba za ng'ombe.

Niandike ukweli, maana hapa hasomi mtu. Mke wangu hakuondoka kwa sababu ya ulevi wala ngumi. Aliondoka kwa sababu ya elimu. Tulikuwa kwenye mazishi ya mjomba wake, naye analia sana. Mimi nilikuwa nimemaliza kitabu changu cha pili cha saikolojia ya hisia, na humo imeelezwa vizuri kabisa kwamba kilio kikizidi mazoea ya mtu na marehemu, basi mtu huyo anajililia mwenyewe. Nikaona nimsaidie. Nikamweleza kwamba yeye na mjomba walikuwa wakionana Krismasi kwa Krismasi tu, kwa hiyo kile si kilio cha mjomba, ni hofu yake ya kuzeeka. Nilipaza sauti kidogo ili nisikike juu ya tarumbeta za kanisa. Tarumbeta zikanyamaza palepale! Ukoo mzima ukasikia neno "kuzeeka".

Hakurudi nami nyumbani.

Sasa balaa lenyewe. Jumapili ya tarehe 24 binti yetu Kindness anapata kipaimara. Mbuzi yupo, maturubai yameagizwa, wageni wanatoka mpaka Arusha. Kipaimara bila mama ni aibu itakayosimuliwa mpaka wajukuu zangu wapate vyao. Na Kindness ameshasema waziwazi: mama asipokuwepo, haendi madhabahuni. Nikitaka, nivae gauni jeupe niende mimi.

Shemeji Primus, kaka yake Yuditha, yule anayepandisha wageni mlimani, alipita dukani kwangu Kwa Sadala kutoa kopi ya kitambulisho. Akaniambia nisijichoshe. Nikate jani la isale, ule mmea wa uzio, nilipige fundo, nilipeleke kwa mama mkwe, niseme nimekosa. Mchagga akiletewa isale hakatai kusamehe, na nusu saa inatosha. Nikamjibu kwamba hayo ni mambo ya wazee waliokosa vitabu. Akacheka kwa meno yake yote. Yule bwana ana meno mengi kupita kiasi.

Mchana nikafunga duka, nikashuka Moshi kwa Khalid, muuza vitabu vya mitumba karibu na soko. Nikamweleza shida yangu bila kutaja majina. Akaniuliza kama Yuditha hajambo. Kisha akachomoa kitabu kutoka chini kabisa ya rundo: Siri za Hisia: Namna ya Kuongoza Moyo wa Mwenzako. Hakina jalada la nyuma. Kina sura kumi na mbili, ila ya mwisho imechanika yote. Kwenye yaliyomo inaitwa "Pale Unapokosea Wewe". Khalid akaapa kwamba sura za mwisho huwa ni shukrani tu kwa mke wa mwandishi.

Hata hivyo haikunihusu. Nimekichukua.


Jumamosi, 16 Novemba

Sura ya nne, Wivu! Kitabu kinasema moyo uliolala huamshwa na dalili ndogo ya mpinzani. Dalili ndogo tu. Si lazima mpinzani awepo.

Asubuhi nikaona kitenge kizuri cha bluu kinakauka kwenye uzio wa jirani yangu Valerian. Nikakiazima bila kuwasumbua wenyewe. Nikakianika kwenye kamba yetu, nikaweka na sufuria inayofuka mvuke kwa mbali, nikapiga picha, nikaiweka kwenye status. Chini nikaandika: "Nyumba haikai bila mwenyewe." Nikakaa kungoja moyo uamke.

Aliyeamka ni Valerian. Alifika ameshika panga la kukatia majani ya ng'ombe, akaniuliza kwa upole unaotisha kitenge cha mke wake Flavia kinafanya nini kwenye kamba yangu. Nikamwambia ni jambo la kisaikolojia. Akasogea karibu zaidi. Nikamrudishia kitenge kikiwa kimekunjwa vizuri.

Jioni Kindness akaniletea ujumbe wa mama yake. Yuditha anasema hiyo ni sare ya akina mama wa kanisani, hata yeye anayo, kwa hiyo nirudishe cha watu kabla Flavia hajakosa cha kuvaa kesho. Tena ile sufuria ni ya kuchemshia maji ya kunyonyolea kuku, nisile chochote kilichopikwa humo.

Nilikuwa nimeshakula.


Jumapili, 17 Novemba

Nimehamia sura ya sita, Huruma. Mtu anayekataa chakula humgusa hata adui. Baada ya ibada nikamnong'oneza mama mmoja wa kwaya kwamba tangu Yuditha aondoke chakula hakinipiti kooni. Nilichagua mama yule kwa makusudi. Kumwambia yeye ni sawa na kutangaza redioni.

Habari ikafanya kazi kupita matarajio. Alasiri akina mama tisa wakaingia uani wakiimba, wamebeba mtori wenye nyama ya mifupa, kiburu cha ndizi na maharage, na ndizi za kuchoma. Mama mmoja tu hakuwemo. Yuditha.

Wakanikaribisha nile. Nikatikisa kichwa polepole kama kitabu kinavyoelekeza. Wakanisihi. Nikageukia ukutani. Nilitegemea watasihi mara ya tatu, na hapo ningelegea. Hawakusihi. Mkubwa wao akasema mgonjwa asilazimishwe, na chakula kisipoe bure, basi wakanizunguka wakala chote. Walisifia chumvi. Walinyonya mifupa. Flavia aliuliza kama naumia kuona watu wakila, nikasema hapana. Machozi yalinitoka ya kweli kabisa, wakayaombea.

Walipoondoka nikakwangua sufuria kwa kidole.

Jibu la Yuditha likaja na Kindness: kama baba yako kweli hali, aendelee hivyohivyo mpaka Jumapili, wageni watapata pilau ya kutosha.


Jumatano, 20 Novemba

Siku mbaya. Mbaya sana.

Nimegundua kosa langu. Nilikuwa naufuata moyo wa Yuditha wakati ufunguo ni mama mkwe. Yuditha hatoki kwa mama yake mpaka mama atamke. Basi nikasoma sura ya saba, Kioo: binadamu humpenda anayefanana naye, kwa hiyo iga mikao yake taratibu bila yeye kujua.

Mama mkwe huuza ndizi sokoni Kwa Sadala. Nikamwendea, nikamwamkia shikamoo mama, akaitika marahaba kama anayetema mbegu. Nikaanza. Akishika kiuno, nami nashika kiuno. Akifuta uso kwa khanga, nami nafuta kwa shati. Akitazama pembeni, nami pembeni. Niliona wauza nyanya wanatutazama kwa heshima.

Sikujua kwamba anaumwa jino. Alipojishika shavu akajikunja, nami nikajishika shavu nikajikunja. Akanguruma kidogo. Nami nikanguruma. Akaniuliza kwa Kichagga nina nini. Nikamuuliza kwa Kichagga ana nini, kwa sauti ileile.

Mkwe kumwigiza mama mkwe! Hadharani! Sokoni! Yaani mkwe ambaye hata kupita karibu yake hutakiwa kupita kwa adabu. Wauza nyanya walishika vichwa. Mama mkwe alinyanyuka, akaapa mbele ya mikungu yake yote kwamba sitakanyaga ua wake kwa miguu hii, na Yuditha hatatoka humo kwenda kuishi na kichaa. Kipaimara atakiona kwenye picha.

Nimerudi dukani nikamtoa mteja picha za pasipoti zenye kichwa nusu. Primus akapita barabarani. Alijishika shavu, akaenda zake.

Usiku huu Kindness hakula. Nikataka kumweleza kwamba hiyo ni sura ya sita. Kisha nikamwona macho yake, nikakiacha kitabu mezani. Nyumba hii imekuwa baridi. Naogopa, na naandika hivyo bila kufungua kitabu.


Ijumaa, 22 Novemba

Imekwisha. Niandike haraka kabla mkono haujavimba.

Kitabu, sura ya tisa: ukishindwa kila njia, rudi kwenye uchunguzi. Mtazame mlengwa akiwa hajui anatazamwa, utajua hisia yake ya kweli. Vizuri. Mama mkwe amenikataza kukanyaga ua wake, hakunikataza kukaa kwenye uzio. Saa kumi jioni nikavuka mto, nikapanda kilima, nikajipenyeza katikati ya masale yaliyozunguka kihamba chao, shamba la ukoo. Yamepandwa na babu yake Yuditha, yamesongamana, mtu mzima anaenea humo akikunja magoti.

Nikamwona. Alikuwa mlangoni mwa jiko anapepeta mchele wa Jumapili. Mchele wa kipaimara! Kumbe anajiandaa. Moyo ukaanza kunidunda, nikaogopa nitakohoa. Sura ya pili inasema hofu ikikupanda, shughulisha vidole. Nikachuma jani lililokuwa karibu na pua yangu, nikaanza kulipiga fundo. Nikalifungua. Nikalipiga tena. Hofu ikashuka kweli.

Mbwa wao akatokea. Sikumsikia akija. Alinishika mkono wa kushoto bila kubweka, mbwa wa watu wale, na mimi nikatoka kwenye uzio kwa kasi, nikaanguka uani kwa magoti, mbele ya mama mkwe aliyekuwa anatoka zizini na ndoo ya maziwa.

Nilingoja ndoo itue kichwani kwangu. Haikutua. Niliponyanyua macho niliona haangalii uso wangu. Anaangalia mkono wa kulia. Nami nikaangalia.

Nilikuwa nimeshika jani la isale lenye fundo.

Mama mkwe akaweka ndoo chini. Alionekana kama mtu aliyechezewa rafu. Akaita Primus, akaita wajomba, akawaambia kwa uchungu mkubwa kwamba huyu mtu amekuja na isale, tena amepiga magoti, tena amekubali kuumwa na mbwa, sasa afanyweje? Mjomba mmoja akachungulia jani, akasema hata isale lenyewe limechumwa hapahapa. Mama mkwe akasema analiona, lakini isale ni isale. Kisha akaniamuru nitamke nilichokosa.

Nikafungua mdomo nieleze kuhusu uchunguzi wa mlengwa. Lakini Yuditha alikuwa amesimama na ungo mkononi. Amekonda. Nikasema nilimdharau mjomba wake kaburini, na nikamwaibisha yeye mbele ya watu waliokuja kumfariji. Nikasema nyumbani kila kitu kipo mahali pake na hakuna kitu. Nikasema nimemkosa mpaka tumbo linauma. Naomba arudi. Hayo maneno sijui yalitoka sura gani. Nimetafuta tangu niliporudi, sijayaona.

Yuditha alilia. Mimi pia nililia, ila mimi ilikuwa moshi wa jikoni.

Akaingia ndani akafungasha. Primus akanifunga mkono kwa kitambaa, akaniuliza ilichukua nusu saa au haikufika.


Jumapili, 24 Novemba

Kipaimara kimepita na kimependeza! Kindness alitembea kwenda madhabahuni akimtazama mama yake njia nzima. Ndafu, yule mbuzi aliyechomwa mzima, ilikaa wima, majani mdomoni. Valerian na Flavia walikuja, kitenge cha bluu nacho kilikuja.

Nilisimama kutoa neno la shukrani. Nikawaeleza wageni kwamba leo tuko pamoja kwa sababu ya saikolojia. Ukitazama kwa utulivu: sura ya pili ilinipa fundo, sura ya tisa ilinipa uzio. Kitabu kiliniongoza hatua kwa hatua, na nitakuwa radhi kukitolea kopi kwa bei ya kanisa. Watu walipiga makofi machache. Primus alikuwa anakohoa ndani ya leso.

Kisha mama mkwe alimkumbatia Kindness akaanza kulia. Alilia vizuri, kwa kirefu. Nikainama kumweleza Yuditha kwamba kilio cha namna ile kwenye furaha huwa kina jambo jingine chini yake. Yuditha alinikanyaga mguu. Kisigino ni cha kipaimara, kipya.


Jumanne, 26 Novemba

Nilishuka Moshi kwa Khalid. Nikampa ushuhuda. Akafurahi sana, akasema kwa bahati nzuri sehemu ya pili imeingia jana: Siri za Hisia kwa Wakwe na Ndugu wa Karibu. Hii nayo imechanika mwishoni. Nimeshazoea. Mama mkwe anakuja kula kesho, na nimepata ukurasa unaoeleza kabisa kwa nini alilia vile Jumapili. Itamsaidia. Nitamsomea mbele ya wajomba ili wote wafaidike.

Nilimdokezea Yuditha mpango huo wakati wa chai. Hakubisha hata kidogo! Aliweka kikombe, akachukua jembe akatoka.

Ameshinda anapanda masale. Mstari mzima, kuanzia ngazi ya mlangoni mpaka bombani. Nilimuuliza ya nini mengi hivyo, na mpaka wetu na Valerian uko upande wa pili wa nyumba. Akasema nitayahitaji, akaendelea kushindilia udongo kwa mguu.

Nimefungua kitabu kipya kuhakikisha. Mwanamke anayepanda miche karibu na mlango, moyo wake umetulia. Nimefurahi kwamba amepata kitu cha kupenda.