Jiwe Lililotoa Povu

Jumamosi, 4 Oktoba
Nkungu. Mgongo unauma. Tangu nitoke Kalemie nimebeba matofali, nimebeba simenti, sasa nachimba udongo wa watu wa kale. Leo Muderhwa amefukua jiwe lililosimamishwa zamani, kimo cha mbuzi. Daktari Védastine, mtaalamu wetu wa mambo ya kale, amesema Ijumaa wananchi watakuja kuona. Kila aliyepata jiwe atasimama kando yake alieleze. Atakayeeleza vizuri ataacha koleo, atakuwa mtembeza wageni. Muderhwa! Muntu asiyeweza kueleza hata njia ya msalani. Nahitaji jiwe.

Jumapili, 5 Oktoba
Mwenye nyumba wangu, Maman Anonciata, anayenifulia nguo, ana jiwe refu la kufulia uani. Alipokwenda misa nililipakia kwenye toroli, nikalifunika kwa majani ya sombe. Mzee mmoja njiani aliuliza mbona majani yananitoa jasho hivyo. Nikasema familia ni kubwa. Nimelisimamisha kwenye shimo langu, nikafukia, nikakanyaga. Kazi safi.

Jumatatu, 6 Oktoba
Nimelipata! Nikalia kidogo, ionekane kweli. Daktari alipiga magoti, akabonyeza udongo. Kidole kikazama chote. Akasema, Papa Ladislas, kwa Muderhwa udongo ni mgumu kama mkate wa juzi, wako umelegea. Nikajibu watu wa upande wangu walizika kwa upole. Akatabasamu. Nimepita.

Jumatano, 8 Oktoba
Maman Anonciata analaani aliyeiba jiwe lake. Anafulia kwenye ngazi ya mlango, na suruali yangu amekataa kuigusa. Nilimwonea huruma. Nikamsaidia kulaani.

Ijumaa, 10 Oktoba
Watu wengi, hadi wa Kamembe. Nilieleza wafalme, nikaeleza sadaka. Batoto wakasogea karibu kabisa. Ndipo Daktari akaleta brashi na maji, maana jiwe husafishwa ili alama zionekane. Akasugua. Likatoa povu. Akasugua tena, povu likazidi, la buluu, linanukia sabuni. Maman Anonciata akauliza kutoka nyuma, hao wafalme walikuwa wakifua shuka za nani? Muderhwa alicheka mpaka akakaa chini.

Daktari hakunifukuza. Aliniamuru nisimame palepale hadi jioni, nieleze kila kundi jinsi mwongo anavyofukia jiwe na jinsi udongo unavyomchongea. Makundi yote yalijaa kwangu. Muderhwa alibaki na masista wawili.

Jumamosi, 11 Oktoba
Nimerudisha jiwe kwa toroli, mlima mtupu, Maman Anonciata akinifuata nyuma na suruali yangu chafu begani. Kutembeza wageni amepewa Muderhwa. Mimi koleo.

Nimefikiri sana juu ya kosa langu. Nimeliona. Ni sabuni.

Jirani yetu Mzee Uwayezu ana jiwe la kunolea panga. Sabuni halijawahi kuiona. Kesho yeye anaimba kwaya, na kwaya yao haiishi upesi.