Kibao cha Fundi Tabasamu

Jumatatu, 4 Machi
Mkuu wa shule ya mtaani anatafuta fundi wa kushona sare. Shule nzima! Barazani tuko mafundi wawili, mimi na Tabasamu. Tulifundishwa na bwana mmoja, tunatumia pasi moja, na mwenzangu huyu hajanikosea hata mara moja. Hilo ndilo linaloniudhi. Leo kaja na kibao kitupu, kaniomba nimwandikie tangazo la Kiingereza, eti mwandiko wangu unavutia. Nikamwambia kaka, ondoa shaka.

Jumanne, 5 Machi
Nimempima suruali mwalimu mstaafu. Huyu ukimshika kiuno tu, anafundisha. Kasema maneno ya Kiingereza yanahama kama wapangaji. "Nice" zamani sana lilikuwa tusi: mjinga, asiyejua kitu. Baadaye likawa la mtu wa kuchaguachagua, kisha la kazi ya makini, ndipo likafika kwenye uzuri tunaoujua. Nalo "awful" limekwenda kinyume: zamani lilikuwa la kitu cha kuheshimiwa mpaka utetemeke, leo ni la kitu kibovu kupindukia. Hapo sikusikiliza sana. Nilishapata changu, hata urefu wa mguu nikasahau kuuandika.

Jumatano, 6 Machi
Nimeandika kwa rangi nyekundu: NICE TAILOR. Yaani fundi mjinga! Mkuu wa shule ni msomi, ataelewa. Tabasamu kanishukuru mpaka pini zikamdondoka mdomoni. Nilijifanya naosha brashi.

Alhamisi, 7 Machi
Balaa! Mkuu wa shule kapita, kasoma kibao, kafurahi, kaingia moja kwa moja kwa Tabasamu. Sare zote kampa yeye. Nikamkimbilia mkuu nimfafanulie maana ya zamani. Kanijibu kwamba hiyo zamani nikawaulize waliokuwepo. Nyumbani mke wangu kauliza kwa nini sisi hatuna kibao. Nikamsimulia. Kasema mchimba kisima huingia mwenyewe, kisha akaenda zake kuanua nguo.

Jumamosi, 9 Machi
Tabasamu kaja na majora ya kitambaa begani. Kasema kazi hii kaipata kwa mkono wangu, basi tugawane ndugu yangu, yeye mashati, mimi kaptura. Nilitaka kumwambia yote. Badala yake nikasema nina kazi tele, sina nafasi. Kazi gani! Viraka viwili, na suruali ya mwalimu inayoishia juu ya kifundo. Kaondoka polepole, bila tabasamu lake. Mchana kutwa tumepokezana pasi kama watu wasiojuana. Najuta. Miaka yote hii, na nilichompa ni tusi la rangi nyekundu.

Jumapili, 10 Machi
Nimekaa, nimetafakari, nimeliona kosa langu. Si wivu hata kidogo. Lile neno nililiandika kwenye kibao kisicho chake! Nasikia mkuu wa shule bado anatafuta fundi wa makoti ya walimu. Basi safari hii neno la kale nitajipa mwenyewe, tena lile la kuheshimiwa mpaka utetemeke. Yule mama ni msomi, atakumbuka maana ya mwanzo. Mke wangu kanisihi kwanza niende kwa Tabasamu nikamtake radhi. Nitakwenda, rangi ikishakauka. Nimeandika herufi kubwa, zinasomeka kutoka getini kwa shule: AWFUL TAILOR.