Milima Ishirini na Minne ya Kivu

Jumanne, 2 Septemba 2003
Habari kubwa! Ijumaa kuna maonyesho katikati ya jiji, Braamfontein: sanaa ya vitambaa na vitu vilivyookotwa. Jirani yangu Hénock ameshakubaliwa kwa vigari vyake vya waya na makopo. Anazunguka mtaa wetu wa Turffontein kifua mbele. Wivu umenikaba. Mke wangu Denise, fundi cherehani, amenipa hadi Ijumaa: sanaa isiponitoa, narudi kulinda maegesho ya magari. Kulinda! Mimi, Firmin!

Jumatano, 3 Septemba
Mungu yuko upande wa wasanii. Chini ya cherehani nimekuta mfuko mweusi umejaa mabaki ya kitenge cha maua. Vipande ishirini na vinne, vyote sawasawa, juu vimekatwa mviringo kama kilima. Ajabu! Nimevishona kwenye gunia la viazi. Jina: Milima ya Kivu. Denise haambiwi kitu.

Alhamisi, 4 Septemba
Denise amelia. Sare za akina mama kumi na wawili wa kanisa, za harusi ya Jumamosi, zimebaki kutiwa mikono tu, na mikono haionekani. Ameniuliza kama nimeiona. Nimeapa kwa moyo mweupe: sijaona mikono. Nikamkumbusha kwamba Hénock aliingia juzi kuazima mkasi. Sisemi zaidi. Ili kumfariji, nimewaalika akina mama wote kesho waje waone kazi ya mume wake.

Ijumaa, 5 Septemba
Nimekubaliwa! Dada wa maonyesho alisema eish, umbo linajirudia kwa nguvu sana. Nikamjibu ndivyo milima ilivyo kwetu Kivu. Kisha akina mama wakaingia. Mama Jocelyne, mwenyekiti wao, akasimama mbele ya kilima cha tatu. Akakisogezea bega. Kikamkaa sawia! Akauliza, kwa sauti yake ya maombi, ni nani aliyemkata mkono. Hénock, mnafiki yule, akawagawia nyembe za kufumulia. Nusu saa baadaye Kivu ilikuwa tambarare. Denise hakunitazama hata mara moja. Iliniuma, nakiri.

Jumamosi, 6 Septemba
Denise alimaliza mkono wa mwisho bibi harusi akiwa tayari mlangoni mwa kanisa. Jumatatu narudi maegesho. Lakini nimetafakari, na kosa nimeliona: maua. Kitenge cha maua mwenyewe hukitambua. Kinachotakiwa ni nguo nyeupe tupu. Nyuma ya kanisa majoho meupe ya kwaya yameachwa kwenye kamba, hayana mtu. Kilichoachwa nje si kimeokotwa? Nimechukua sita. Jina: Theluji ya Ruwenzori! Kesho wote watakuwa ibadani. Nitakata kwa utulivu kabisa.