Chumba Nimekirudisha Kama Nilivyokikuta, Amana Yangu Sijaiona

Kwa Mwenyekiti,
Baraza la Migogoro ya Nyumba za Kupanga.

Ndugu Mwenyekiti,

Natumaini barua hii itakukuta umeshakunywa chai, maana yaliyomo hayafai kusomwa na mtu mwenye njaa. Mimi ni fundi wa kila kitu. Mtaani wananiita Mjomba Bingwa, na jina hilo sikulinunua. Namshtaki aliyekuwa mwenye nyumba wangu, tunayemwita Mzee Kufuli, kwa kuikalia amana niliyompa siku ya kuingia chumbani kwake.

Mkataba wetu unasema, na maneno haya nimeyasoma mwenyewe bila kusaidiwa, kwamba amana itarudishwa endapo mpangaji atakirudisha chumba "kama alivyokikuta". Haukusema kizuri. Haukusema kisafi. Wengine wakihama hufagia, wakaaga, wakaenda zao. Mimi kwa kuheshimu sheria nilihangaika mpaka mgongo ukalia, na malipo yangu ndiyo haya:

1. Paa. Nilipoingia lilikuwa likivuja juu ya kitanda, usawa wa kichwa. Nililiziba kwa kiraka cha bati na lami. Kiraka hicho, siku ya dhoruba, paa la jirani liling'oka lote likaja kujishikiza hapo. Wakati wa kuhama nilipanda kukibandua, kikagoma, nikashindana nacho kutwa. Tundu nililolirudisha ni la ukubwa uleule. Nililipima kwa kidole gumba changu, ambacho hakijabadilika. Mzee Kufuli alisimama chini akiniuliza kama nimeingiwa na wazimu.

2. Mlango. Ulikuwa haufunguki bila teke. Nilipoupiga randa na kuubadilishia bawaba, ukawa unafunguka hata ukikohoa karibu yake. Nimeurudishia bawaba zake za zamani, ukakwama tena vizuri kabisa. Mzee Kufuli alipokuja kukagua aliupiga teke akiwa na kandambili, na sasa anataka gharama ya kidole chake ikatwe kwenye amana. Ndugu Mwenyekiti, kidole hicho sikukikuta chumbani.

3. Panya. Hapa ndipo nilipoteseka. Nilikuta ukoo mzima, nikawafukuza kwa kuwakazia macho tu. Walitoka kwa mstari, wakubwa mbele. Kuwarudisha walewale haikuwezekana, walishahamia mbali. Ikabidi nikaombe wengine kwa muuza nafaka, ambaye alinijazia gunia bure na kunishukuru kwa mikono miwili. Ni wanene kuliko wale wa mwanzo, lakini unene uliozidi siudai. Mzee Kufuli ananiambia, "Bwana wee, panya gani tena, mimi nilikukabidhi chumba." Mkewe mwenyewe akadakia, "Walikuwepo, baba, usimwonee mwenzio." Naomba mama huyo aitwe kuwa shahidi wangu, na apewe kiti kizuri.

4. Ukuta. Mpangaji aliyenitangulia alikuwa ameandika kwa mkaa, karibu na dirisha: "Mwenye nyuma huyu hata salamu anaihesabu." Niliyafunika maneno hayo kwa rangi kwa sababu ya huruma. Nilipohama niliikwangua rangi na kuyaandika upya kwa mwandiko uleule, hata herufi iliyokosekana sikuiongeza. Mzee Kufuli anasema nimemtukana. Mimi nimenakili tu. Amtafute mwenye maneno.

Haya yote ningemsamehe, kwani mimi ni mtu wa moyo mkubwa, ila nimekwama. Mama mmoja fundi cherehani amenishikia chumba kizuri mpaka mwisho wa juma, naye anataka amana kwanza. Mke wangu yuko kwa dada yake na amesema harudi mpaka nimwoneshe mlango ulio wetu. Mimi nalala kwenye kochi la mdogo wangu, na shemeji ameanza kufagia chini yangu kabla sijaamka. Lugha hiyo naielewa.

Kwa hiyo naomba Baraza liamuru nirudishiwe amana yote. Tena nilipwe ujira wa kuharibu, maana kuharibu ovyo kila mtu anaweza, lakini kuharibu kwa kipimo ni ufundi. Na mwisho, Mzee Kufuli aniandikie barua ya kunisifu, niwaoneshe wenye nyumba wengine.

Nisalimie wajumbe wote wa Baraza, karani wako aliyeninyima kalamu, na mlinzi wa getini, ambaye kwa jinsi alivyonitazama nadhani tuna undugu.

Nabaki kuwa mpangaji mtiifu kupita kiasi,
Mjomba Bingwa.

N.B. Kabla sijafunga bahasha nimeletewa habari. Mke wangu amechoka kungoja. Ameenda mwenyewe kwa Mzee Kufuli, wameelewana, na amekipanga tena chumba kilekile kwa jina lake. Amana imebaki palepale, sasa inahesabiwa kuwa ni ya kwake. Vyombo vimeshaingia ndani na mawingu yamejaa. Kwa hiyo naomba hoja zangu zote nne zisomwe upya kama mashtaka dhidi ya mwenye nyumba: paa linavuja, mlango haufunguki, panya wametapakaa, ukuta una matusi, na familia ya watu haiwezi kuishi hivyo. Swali la nani alifanya lisiulizwe kwa sasa, litachelewesha kesi. Mke wangu ameagiza nije na ngazi, la sivyo nisije. Ofisini kwenu nimeiona moja nyuma ya kabati.