Kukombolewa kwa Kishindo, Ng'ombe wa Mtambile

Sikieni, enyi mnywao kahawa barazani, na nyinyi mpitao mkijifanya mna haraka! Wekeni vikombe chini. Nimetembea miji mingi na nimesikia habari za majemadari na ngome zao, lakini wallahi sijasikia vita kama ile ya Haroub wa Mtambile, simba wa njia za udongo, mwenye mijeledi miwili na kiatu kimoja kizima, siku alipokwenda kuikomboa gari yake ya ng'ombe.

Gari hiyo, pamoja na Kishindo aivutaye, mwenye nundu kama kilima na jicho la dharau, ilitekwa na polisi barabarani, imebeba shehena ya mchanga usio kibali. Haroub akashitakiwa. Shauri likaahirishwa, likaahirishwa tena, na ng'ombe na gari wakabaki uani kituoni, wamevishwa jina jipya zito: kielelezo. Na msimu ndio huo! Karafuu zimewiva, wachumaji wako juu ya mikarafuu, na Haroub kesha kula ahadi ya kuzibeba. Karafuu mbichi ikilala imerundikwa huchacha, na jina la mchukuzi huchacha nayo.

Mkewe Bi Mwanapili, ngao ya nyumba ile, akamwambia, "Nenda kwa hakimu, ukashindwa kusema ulie. Ila usirudi mikono mitupu. Mie sikuolewa na ntu wa kukokota gari mwenyewe!"

Basi wakaingia mahakamani mjini Chake, mume mbele, kanzu imepigwa pasi ikasimama kama upanga, mke nyuma. Haroub akanguruma:

"Mheshimiwa Hakimu, mizani ya haki, taa ya kisiwa! Kesi na iendelee hata niote mvi za nyusi, mie siikimbii. Lakini gari yangu nirejeshee kwa dhamana, na siku utakayoitaka ntaileta, na kwato nimezisugua!"

Akainuka Bwana Usama, mwendesha mashtaka, ngome isiyopandika. "Tunapinga, Mheshimiwa. Mwombaji hana kadi ya gari. Chombo chenyewe hakina namba wala injini."

"Injini inayo!" akasema Haroub. "Mmeifunga kwenye mchungwa, inacheua!"

Watu wakacheka. Hakimu hakucheka. Akashika kalamu, na roho ya shujaa ikashuka hadi kwenye kile kiatu kizima.

Hapo ndipo mlango ulipofunguka, akaingia askari Silima anahema, akamnong'oneza Bwana Usama mnong'ono uliosikika hadi nje: "Bwana, kielelezo kimekata kamba. Kimekula mchicha wote wa mkuu wa kituo. Na kofia yake."

Ngome ikaporomoka. "Mheshimiwa," akasema Usama, anajifuta jasho, "kwa kuzingatia mazingira mapya, hatuna pingamizi. Tunaomba kitolewe leo. Sasa hivi, bamia bado zipo."

Hakimu akatoa amri: kesi itaendelea, na kielelezo kirejeshwe kwa dhamana, kisiuzwe, kisichinjwe, kisibadilishwe umbo, na kiletwe kila kitakapohitajika.

Lakini kule uani Kishindo alikuwa kalala, tumbo kama ngoma, hataki kuinuka. Haroub akavuta pembe, Silima akasukuma nyuma, wapi!

"Kashazowea vya Serikali huyu," akasema Silima.

Bi Mwanapili akawapisha pembeni, akaliinamia sikio la ng'ombe. "Inuka, baba. Wewe ndiwe uliyeshinda kesi. Huyu bwana kaja kukusindikiza tu."

Kishindo akainuka.

Na waandishi wa tarehe na waandike: jioni ile karafuu zilifika majamvini kuanikwa bila kuchacha hata moja, na Haroub amekaa juu ya magunia kama aliyeteka miji saba. Na hadi leo, kesi haijesha, na kila mchinjaji anayempima Kishindo kwa macho Idi ikikaribia, Haroub humkemea kwa sauti ya kutangaza enzi:

"Tazama pengine, bwana we! Huyo mali ya mahakama!"