Yah: Ombi la Kuchelewesha Zahanati Mpaka Nife

Mstahiki Meya,

Pokea salamu za mgonjwa. Mimi ni diwani mstaafu wa kata ya nyuma ya stendi, ingawa hilo neno "mstaafu" nimejipa mwenyewe. Ukweli ni kwamba nilishindwa kura. Watu wa huku wananiita Mzee Msingi. Daktari amenieleza kwa upole kuwa moyo wangu umechoka na nisipange mambo ya mbali. Kwa hiyo nakuandikia nikiwa kitandani, ubao wa kukatia mboga ukiwa magotini badala ya meza, kulalamikia zahanati ya mtaani kwetu. Kasoro yake ni moja tu: inajengwa.

Naomba unifuate hatua kwa hatua.

1. Hapakuwa na sherehe. Diwani wa sasa, yule mkunga aliyeniangusha, hakuleta hema, bendi wala utepe wa kukata. Watu waliamka wakakuta ukuta umefika kiunoni. Huo si utaratibu. Enzi zangu tulianza na sherehe, na kwa kuiheshimu hiyo sherehe hatukuongeza kitu kingine juu yake.

2. Jiwe langu limeng'olewa. Ni jiwe la marumaru, lina herufi za dhahabu: "Jiwe hili la msingi liliwekwa na Mheshimiwa Diwani", kisha jina langu. Halisemi ni msingi wa nini. Mchongaji hakukosea, niliagiza hivyo. Jiwe lenye jina la mradi hutumika mara moja likaisha kazi. Langu lilizindua soko, shule ya awali, daraja la waenda kwa miguu na choo cha stendi, na hakuna hata kimoja utakachokiona ukipita. Fundi mwashi wangu alikuwa akilishikiza kwa saruji nyepesi. Wageni wakishaondoka analibandua, analipangusa, tunalitunza chini ya kitambaa mpaka sherehe nyingine.

Sasa fundi huyohuyo ndiye anayejenga zahanati. Nilimwita nimuulize hali ya jiwe. Akasimama mlangoni kwangu, saruji imemganda miguuni, akasema, "Mzee wangu, jiwe halijambo. Tunanyooshea nondo juu yake." Nikamkumbusha kuwa lile ni jiwe la heshima. "Kweli kabisa," akasema, "maana tunaligonga kutwa na halijapasuka."

3. Jengo lenyewe linanichongea. Vipindi vyote vya udiwani wangu niliwaambia wananchi kuwa zahanati haiwezekani: udongo wa pale ni mbaya, ramani haijapitishwa, wataalamu wako njiani. Mstahiki, mtaalamu nilikuwa mimi. Nilisomea mipango miji mpaka nikavaa joho, na najua kuwa udongo ule ni mzuri kuliko ulioibeba nyumba hii niliyolala. Leo kuta zimesimama juu yake bila haya. Wapita njia huinama dirishani kwangu na kuniambia kwa sauti ya kunihurumia, "Mzee Msingi, umeona? Kumbe inawezekana." Najifanya nimelala. Hiyo ni kazi niliyoizoea tangu vikao vya halmashauri.

4. Mkunga ana kisasi na mimi, na ushahidi ninao. Kwenye kampeni yangu ya mwisho udongo ulipona ghafla, nikazindua zahanati hii. Kitambaa kilipovutwa watu wote walitazama mbele ya jiwe, yeye akazunguka nyuma. Akauliza mbele ya umati, "Mheshimiwa, mbona jiwe jipya lina saruji kavu mgongoni?" Nikamjibu kuwa ile ni saruji ya uzoefu. Watu wakacheka, nami nikacheka, nikidhani tunacheka pamoja. Masanduku ya kura ndiyo yaliyonifafanulia. Jiwe likabaki palepale, kwa kuwa sikuwa na pengine pa kulipeleka. Kwa hiyo kisheria msingi wa zahanati hii niliuweka mimi, na aliyeuweka msingi ana haki ya kuombwa ruhusa kabla watu hawajaanza kujenga.

5. Mke wangu amehamia upinzani. Tangu niugue, yeye ndiye anayefuata dawa zangu hospitali kuu, ng'ambo ya mji. Hutoka jua halijawaka, hukalia benchi mpaka jina langu liitwe, hurudi mchana miguu imevimba, kisha huiloweka kwenye beseni hapa kando ya kitanda. Nilimfahamisha kuwa amekwisha kuzoea, na kwamba dawa zikisogezwa jirani atabaki na muda mwingi wa kunikumbusha mambo. Hakuinua kichwa. Aliyaangalia yale maji akaniuliza, "Baba watoto, huko kote ulikokuwa unaweka jiwe, miguu yangu hukuiona?"

Naomba ofisi yako imjibu, kwa kuwa lilikuwa suala la halmashauri.

Kutokana na hayo, naomba mambo mawili. La kwanza, ujenzi upunguzwe kasi mpaka nizikwe. Sitawachelewesha sana, muulize daktari. Kuna njia nyingi za kuvuta muda bila mtu kuonekana mbaya, na kama ofisi yako imezisahau, njoo nikufundishe. Nyingine nilizibuni mwenyewe. Nataka nife nikiwa bado kiongozi aliyeshindwa na udongo. Nikifa baada ya zahanati kufunguliwa, nitakuwa nimeshindwa na nini?

La pili, nirudishiwe jiwe langu liwekwe kaburini. Mchongaji hatahitajika, jina tayari liko. Na itakuwa mara ya kwanza jiwe hilo kukaa juu ya kazi iliyokamilika.

Nisalimie madiwani wote, hasa wale wenye mawe yao. Msalimie mlinzi wa geti la halmashauri, aliyeendelea kunipigia saluti mwaka mzima baada ya mimi kushindwa, maana hakuna aliyemwambia. Mkunga naye msalimie, lakini usimwonyeshe barua hii.

Ndimi wako katika kuanza mambo,

Mzee Msingi

Baada ya sahihi: Barua hii ilikuwa imsubiri mke wangu arudi na dawa, kisha aniletee bahasha. Nilijua nina nafasi mpaka mchana. Chai aliyoniachia ilikuwa bado inafuka moshi aliporudi. Nikamuuliza amesahau nini. Akaweka dawa kwenye kile kibao changu na kusema, "Sijasahau kitu. Mkunga kafungua dirisha moja pale kwenye jiwe lako. Milango bado, dawa zipo."

Akakaa. Beseni hakulitoa.

Nilimpa barua aisome. Aliisoma yote, nami nikijifanya nimelala. Alipomaliza akasema mwandiko wangu bado ni mzuri, akaenda kutafuta bahasha.

Mstahiki, sina nguvu ya kuandika upya, kwa hiyo tafadhali ianze barua hii hapa na usirudi juu. Ujenzi usipunguzwe kasi hata siku moja. Milango iletwe. Udongo ni mzuri, naweza kutia sahihi kama mtaalamu, ingawa nimechelewa. Akija mtu kukuuliza kilichonishinda, mpe hii karatasi, na mkunga umwonyeshe.

Jiwe nalo sitaki liletwe kaburini. Mwambie fundi, wakimaliza nondo zao, alilaze mlangoni liwe ngazi, watu wafutie matope mvua ikinyesha. Safari hii atie saruji nzito. Na herufi zitazame juu, nikanyagwe na watu wanaoingia mahali.